Wabeba Viti wa Hollywood

Katika miaka ya 1910 na 1920 studio za filamu za Marekani zilitoa vichekesho vifupi kwa wingi mno, vingi vikiwa vya mkanda mmoja au miwili, yaani dakika 10 hadi 25 hivi, na katika wingi huo kuna kundi dogo ambalo mimi hulirudia mara kwa mara kuliko mengine yote. Ni filamu ambazo studio inajicheka yenyewe. Kamera inageuzwa nyuma, nasi tunaonyeshwa mafundi seremala, wapaka rangi, waongozaji wenye kupayuka, waigizaji wenye majivuno na milango ya mbao isiyoelekea popote. Nimezitazama nyingi, na nimefikia uamuzi ambao najua baadhi ya wapenzi wa filamu za zamani hawataupenda: zile zinazomcheka nyota fulani au filamu fulani mashuhuri zimechakaa, ilhali zile zinazocheka kazi yenyewe, jasho lake na mabosi wake, bado zinachekesha leo pasipo kuhitaji maelezo yoyote.

Sababu ya kwanza ya kuwapo kwa filamu hizi haina ushairi wowote. Zilikuwa rahisi kutengeneza. Mwenye studio anayetakiwa kutoa kichekesho kipya kila wiki huishiwa na mahali pa kupigia picha, na mahali palipo karibu zaidi ni pale pale aliposimama. Mandhari yameshajengwa, mbao zimo, ngazi zimo, ndoo za rangi zimo, na wapo watu kadhaa wanaoweza kuanguka kutoka juu ya ngazi hizo. Ufaransa walilitambua jambo hili mapema. Mwaka 1910 kampuni ya Pathé ilitoa filamu fupi ambamo Max Linder, aliyekuwa mchekeshaji maarufu kuliko wote wa wakati wake, anaigiza kijana anayekwenda kuomba kazi ya uigizaji katika kampuni hiyo hiyo. Anapewa jaribio la kucheza mume anayepata kipigo nyumbani, na kipigo kinazidi kuwa cha kweli kadiri kamera inavyoendelea kuzungushwa. Mzaha mzima wa miaka 15 iliyofuata umo ndani yake: mtu anaumia, na wenye kamera wanafurahia picha nzuri.

Huko California, Mack Sennett alianzisha studio ya Keystone mwaka 1912 katika eneo la Edendale, Los Angeles, naye hakuona haya kuigeuza studio yake kuwa kichekesho. Katika Mabel's Dramatic Career ya 1913, Sennett mwenyewe anacheza mshamba aliyeachana na mpenzi wake, msichana wa jikoni anayechezwa na Mabel Normand. Siku moja anaingia katika ukumbi wa sinema na kumkuta msichana yule yule kwenye kitambaa, sasa ni nyota wa Keystone, anasumbuliwa na mtu mwovu. Mshamba anachomoa bastola na kuimiminia picha risasi. Mwaka uliofuata Charlie Chaplin, akiwa bado mgeni Keystone, alicheza A Film Johnnie, ambamo mzururaji anampenda msichana wa kwenye picha, anamfuata hadi studio na kuvuruga kila linalopigwa humo. Baadaye mwaka huo huo, katika The Masquerader, alicheza mwigizaji anayefukuzwa studio kwa uzembe na kurudi akiwa amevaa kama mwanamke mrembo, naye mwongozaji yule yule aliyemfukuza anamkaribisha kwa bashasha kubwa.

Chaplin alipohamia kampuni ya Essanay, filamu yake ya kwanza huko ilikuwa His New Job, iliyotoka Februari 1915 na kupigwa Chicago. Jina lake ni dongo, kwa sababu kazi mpya ilikuwa kweli mpya: Keystone alikuwa analipwa dola 150 kwa wiki, Essanay wakampa dola 1,250. Studio anayoingia kuomba kazi ndani ya filamu hiyo inaitwa Lockstone, na hapana mtazamaji wa wakati ule aliyekosa kuelewa ni nani anayepigwa kijembe. Anaanza kama msaidizi wa seremala, anawagonga wenzake kwa misumeno na mbao, kisha kwa bahati anavalishwa sare ya kijeshi isiyomtosha na kuwekwa mbele ya kamera katika mchezo wa huzuni ambao yeye anauharibu kwa kuigusa tu nguzo.

Hiyo nguzo ndiyo inayonipeleka kwenye filamu ninayotaka kukaa nayo, Behind the Screen, iliyotolewa Novemba 1916 wakati Chaplin akiwa na kampuni ya Mutual. Humo anacheza msaidizi wa fundi wa jukwaa. Bosi wake, anayechezwa na Eric Campbell, jitu la mtu mwenye nyusi za kutisha, anaitwa Goliath, naye Chaplin anaitwa David. Goliath hafanyi kazi. Anakaa, anasinzia, anakula. David anabeba nguzo, anabeba piano, anabeba mapambo ya ikulu, na kila anapoketi kupumua kidogo ndipo mkubwa wao wote wawili anapotokea na kumwona ameketi, huku Goliath akiwa tayari ameruka wima na kujifanya anatoa jasho.

Kuna kipande kimoja cha filamu hiyo ambacho sichoki kukitazama. David anaambiwa aondoe viti. Badala ya kwenda na kurudi, anaviingiza mikononi, mabegani na shingoni, kimoja juu ya kingine, mpaka mtu mwenyewe anapotea na kubaki rundo linalotembea, miguu ya viti ikichomoza kila upande kama miiba ya nungunungu. Haanguki. Mchekeshaji wa kawaida angeanguka, na watu wangecheka. Chaplin anavuka jukwaa kwa madaha, na kicheko kinatokana na kwamba kazi isiyowezekana imefanyika bila mtu yeyote kuitazama wala kusema ahsante. Niliwahi kubeba taa na nyaya kwa kampuni moja ya tamthilia jijini Dar es Salaam, nikiwa kijana, na naweza kusema kwamba hakuna filamu nyingine iliyonionyesha kwa usahihi kiasi hicho namna mtu anavyojipanga mzigo mwilini ili asirudi mara ya pili, wala namna bosi anavyojua kuamka sekunde moja kabla ya mwenye kampuni kuingia.

Chakula cha mchana kinafuata. Goliath amejipangia sahani nyingi za mkate wa kuoka wenye nyama ndani. Fundi mwingine, Albert Austin, ana mfupa wa nyama na vitunguu vya majani. David ana vipande vya mkate mtupu. Anakaa karibu na mwenye mfupa, anasubiri, na mfupa unapomsogelea anaubana ncha yake kati ya vipande vyake vya mkate na kung'ata, kwa uso wa mtu anayekula chake. Harufu ya vitunguu inapomzidi anachukua kofia ya chuma ya askari wa kale kutoka kwenye mapambo, anaivaa na kuteremsha kifuniko cha uso, na kila tonge anakifungua kidogo na kukifunga tena. Vifaa vya tamthilia ya kifalme vimekuwa vyombo vya mtu mwenye njaa. Sijui mzaha mwingine wa studio uliofikia hapo kwa njia fupi hivyo.

Mwisho wa vurugu ni mikate laini ya krimu. Maandishi yanayotokea kwenye picha, kwa kuwa filamu hizi hazikuwa na sauti, yanatuarifu kwamba idara ya vichekesho inajaribu wazo jipya, na wazo lenyewe ni kurushiana mikate usoni, jambo ambalo kufikia 1916 lilikuwa limezeeka na ambalo kila mtu alilihusisha na Keystone. Lakini kando tu ya jukwaa la vichekesho kuna jukwaa lingine ambako mfalme na malkia wanapigwa picha katika mchezo mzito wa historia, na mikate inayomkosa Goliath inavuka na kuwapata wafalme hao.

Mtazamaji wa leo anaweza kudhani kwamba ujirani huo ni uzushi wa mwandishi. Siyo. Studio za wakati ule zilikuwa majukwaa mapana ya mbao, mara nyingi wazi juu, yaliyofunikwa kwa vitambaa vyepesi vyeupe vya kulainisha mwanga wa jua, na kwa kuwa kamera haikunasa sauti hapakuwa na sababu ya kutenganisha kazi moja na nyingine. Kifo cha mama kiliweza kupigwa picha hapa, seremala akigonga misumari nyuma yake, na mita chache pembeni watu wakianguka kwenye beseni la maji. Mwongozaji alipiga kelele za maelekezo wakati mwigizaji akilia, na kelele hizo hazikuharibu kitu. Kwa hiyo mkate unaovuka mpaka wa majukwaa ni mzaha uliojengwa juu ya mpango halisi wa mahali pa kazi. Ndiyo sababu nasema filamu hizi ni ushahidi bora wa maisha ya studio kuliko picha za matangazo zilizopigwa na studio hizo hizo, ambamo kila mtu ni msafi na ametulia.

Hata hivyo Behind the Screen ina upande unaonikera. Mafundi wa jukwaani, wakikasirishwa na kuamshwa usingizini saa za kazi, wanagoma, na mgomo wao unaishia katika njama ya kuilipua studio kwa baruti. David na Goliath hawagomi. Msichana wa shamba anayetafuta kazi ya uigizaji, anayechezwa na Edna Purviance, anavaa ovaroli na kuchukua nafasi ya mmoja wa waliogoma, na filamu inamshangilia. Mtu anaweza kusema ni mzaha tu, lakini watazamaji wa Los Angeles hawakuwa na wepesi huo wa moyo. Mwezi Oktoba 1910 jengo la gazeti la Los Angeles Times lililipuliwa kwa baruti na watu 21 wakafa, na ndugu wawili wenye uhusiano na chama cha mafundi wa vyuma wakakiri kosa mwaka uliofuata. Mwezi Julai 1916, miezi minne tu kabla ya filamu kutoka, bomu lililipuka katika maandamano huko San Francisco na kuua watu 10. Baruti mikononi mwa mgomaji ilikuwa picha iliyobeba mashtaka. Filamu iliyotumia nusu yake kutuonyesha kwamba mfanyakazi anaonewa na msimamizi mvivu inatumia robo ya mwisho kutuambia kwamba anayekataa kuonewa ni mhalifu. Wakati huo Chaplin alikuwa analipwa dola 10,000 kwa wiki, nje ya bonasi ya dola 150,000 aliyopewa alipotia saini. Simlaumu kwa fedha hizo, maana alikulia katika ufukara wa kusini mwa London na aliijua njaa aliyoiigiza. Lakini aliyebeba viti sasa alikuwa mwenye viti, na filamu imeshindwa kuficha hilo.

Ukali wake kama mwajiri tunaujua kwa sababu mabaki ya mikanda ya Mutual yalihifadhiwa, na Kevin Brownlow na David Gill wakayaweka katika kipindi chao cha televisheni cha mwaka 1983, Unknown Chaplin. Humo kuna kipande kilichopigwa kwa ajili ya Behind the Screen na kisha kuachwa: Chaplin anatembea kwa raha zake huku shoka la mkata vichwa likishuka na kujikita sakafuni karibu kabisa na miguu yake, hatua baada ya hatua. Siri yake ni kwamba walipiga picha kinyumenyume, shoka likinyanyuliwa badala ya kushushwa, naye akitembea kurudi nyuma kwa namna itakayoonekana kama anakwenda mbele. Kazi yote hiyo, kisha ikatupwa kapuni. Hakuna kiongozi wa kiwanda cha kawaida ambaye angekubali hasara ya namna hiyo, na wafanyakazi waliorudia kitendo kimoja siku nzima walikuwa na haki ya kumwona Goliath katika sura ya mtu mwembamba mwenye kofia ya duara.

Buster Keaton, mchekeshaji mwingine wa zama hizo, aliipiga studio kwa pembe nyingine. Thomas Ince, mtayarishaji aliyefanya mengi kuigeuza kazi ya filamu kuwa kiwanda chenye ratiba na maandishi ya kina kwa kila picha, alipenda kuliweka jina lake mahali pengi katika orodha ya watengenezaji. Keaton akamcheka kwa tabia hiyo katika The Playhouse ya mwaka 1921. Ndani ya ukumbi wa maonyesho, kila mwanamuziki ni Keaton, kila mchezaji ni Keaton, fundi wa jukwaa ni Keaton, na watazamaji wote, wakiwamo bibi mzee na mtoto anayedondosha peremende, ni Keaton. Mtazamaji mmoja anafungua ratiba ya onyesho na kukuta jina hilo hilo kutoka juu hadi chini, kisha anamgeukia mkewe, ambaye naye ni Keaton, na kumwambia kwamba huyu bwana inaonekana ndiye onyesho zima.

Mzaha huo wa kijuujuu ulihitaji ufundi wa kutisha. Mbele ya lenzi kiliwekwa kisanduku chenye vifuniko vyembamba vilivyosimama wima, kila kimoja kikifunguka peke yake. Mpiga picha Elgin Lessley alifungua kimoja, akampiga Keaton wa kwanza, akaurudisha mkanda hadi mwanzo, akafunga hicho na kufungua cha pili, na kuendelea hivyo hadi Keaton tisa walipocheza kwa mstari mmoja bila kugongana. Kamera ilizungushwa kwa mkono. Kama mkono wa Lessley ungeharakisha kidogo katika mzunguko mmoja tu kati ya tisa, wachezaji wangepishana mwendo na mkanda wote ungekuwa taka. Ndiyo kusema kwamba filamu inayomcheka mtu aliyejidai kufanya yote peke yake inasimama juu ya mkono wa mtu ambaye watazamaji wengi hawakuwahi kumwona. Sidhani Keaton hakulifahamu hilo. Nisiache pia kusema kwamba hao tisa walio mstarini wamejipaka masizi usoni kuwaigiza watu weusi, kama ilivyokuwa ada ya majukwaa ya Marekani ya wakati huo, na kwamba kila ninapofika hapo kicheko changu hukoma kwa dakika kadhaa, hata kama mkono wa Lessley unaendelea kunishangaza.

Sasa linganisha na The Frozen North, aliyoitoa Keaton mwaka 1922. Hii inamlenga William S. Hart, nyota wa filamu za wachunga ng'ombe aliyejulikana kwa uso mgumu na machozi ya ghafla. Keaton anaibuka kutoka kituo cha treni ya chini ya ardhi katikati ya theluji, anaingia nyumbani na kumkuta mkewe mikononi mwa mwanamume, machozi yanamtiririka, anawapiga risasi wote wawili, kisha anatambua kwamba ameingia nyumba isiyo yake. Hart alikasirika, na kwa mujibu wa Keaton hakumsemesha kwa muda wa miaka miwili hivi. Kituo cha treni katika theluji bado kinachekesha, kwa kuwa hakimhitaji Hart. Yale machozi yanamhitaji, na Hart leo anajulikana na wachache. Mwaka huo huo Stan Laurel, kabla ya kuungana na Oliver Hardy, aliicheka Blood and Sand ya Rudolph Valentino katika Mud and Sand, akijiita Rhubarb Vaselino. Jina hilo litamchekesha yeyote aliyewahi kupakwa vaselini miguuni kabla ya kwenda shule. Lakini filamu yenyewe, vita vyake vya ng'ombe na mahaba yake, hudai umwone kwanza Valentino ndipo uelewe kwa nini nyusi zile zinainuliwa vile. Will Rogers naye aliwaiga nyota mbalimbali katika filamu fupi za 1923 na 1924 kwa studio ya Hal Roach, kwa ufundi mwingi na, kwangu mimi, kwa faida ndogo.

Ya mwisho ninayotaka kuitaja ilitengenezwa nje kabisa ya studio. The Life and Death of 9413: a Hollywood Extra ya mwaka 1928 iligharimu dola 97 hivi. Robert Florey na Slavko Vorkapich waliijenga Hollywood nzima kwa karatasi ngumu, vikopo na vitu vya kuchezea, wakaviangazia kwa taa mojamoja, na sehemu ya picha ilipigwa na Gregg Toland, kijana ambaye miaka 13 baadaye angepiga picha za filamu mashuhuri ya Citizen Kane. Mtu mwenye ndoto ya umaarufu anafika Hollywood, anaandikwa namba 9413 kwenye paji la uso, na tangu hapo hana jina. Anapanda ngazi na kujikuta pale pale. Simu haiiti. Anakufa kwa njaa, anakwenda mbinguni, na huko ndiko namba inakofutwa. Chaplin aliipenda na kuwaonyesha marafiki zake wa Hollywood, watu ambao kila asubuhi walipita mbele ya foleni za akina 9413 getini mwao.

Nyingi ya filamu hizi zimeshatoka katika ulinzi wa hakimiliki nchini Marekani, kwa hiyo zinapatikana bure katika intaneti, lakini nakala si sawa. Kamera ya mkono ilizungushwa kwa picha 16 hivi kwa sekunde, wakati mwingine polepole zaidi kwa makusudi ili mwendo uonekane wa haraka, ilhali mashine za filamu za sauti huonyesha picha 24. Nakala iliyohamishwa bila kurekebishwa humfanya Chaplin akimbie na viti vyake, na madaha yote ya ule mwendo yakatoweka. Tafuta iliyosafishwa na hifadhi ya filamu inayoaminika, zima muziki wa kinanda uliobandikwa ovyo ikiwa unakuudhi, na uanze na Behind the Screen.